Mzabuni Alikuwa Mnunuzi

Katika kamusi za zamani za Kiswahili, kuzabuni ni kutaja bei mnadani. Dalali anainua kitambaa, watu wanapandisha dau, na kila anayepandisha ni mzabuni. Neno lilitujia kutoka Kiarabu, ambako zabuni ni mteja tu, mtu aliyeingia dukani na pesa zake. Leo mzabuni ndiye mwenye duka. Anauza lami, anauza vitanda vya hospitali, anauza vitabu vya darasa la tatu. Zamani alipandisha bei ili apate. Siku hizi anaishusha ili apate. Neno limehama kutoka upande wa mwenye pesa likaenda kukaa upande wa mwenye bidhaa, na sidhani kama kuna kikao chochote cha istilahi kilichoombwa ruhusa.

Serikali inaponunua saruji, uhamaji huo haumsumbui mtu. Muuzaji anajulikana, mnunuzi anajulikana, na saruji itakwenda kwenye jengo la huyo huyo mnunuzi. Vitabu vya shule ndivyo vinavyonirudisha kwenye kamusi. Chukua kitabu cha shule ya msingi ya serikali hapa Tanzania. Kwenye jalada pameandikwa kwamba ni mali ya Serikali, na karibu na hapo kuna neno moja kwa herufi kubwa: HAKIUZWI. Ndani, pembeni pa muhuri wa shule, kuna majina ya watoto waliokitumia, kila mmoja kwa mwandiko wake, wengine wamefutwa kwa wino. Kitabu hicho kimeuzwa, na kwa fedha nyingi. Kimetangaziwa zabuni, kimetolewa sampuli, kimefanyiwa tathmini, na pengine kimesababisha mawakili wavae majoho. Kilichokatazwa ni kukiuza mara ya pili. Anayekisoma hakukinunua, na aliyekinunua hatakisoma. Ndiyo maana kesi za vitabu vya shule zina ugeni fulani ambao kesi za saruji hazina.

Nianze na jozi ya maneno ambayo watu wazima, wengine wenye shahada, wanaichanganya kila siku: mchapishaji na mpiga chapa. Sarufi yenyewe imeshaweka mpaka. Mchapaji, au mpiga chapa, ndiye mwenye mashine, wino na karatasi. Mchapishaji amebeba kiambishi cha kusababisha: yeye anafanya kitu kichapwe. Anamtafuta mwandishi, anaulipia mswada, anamlipa mhariri na mchoraji, anabeba hasara kitabu kisipouzwa, na makosa ya ndani ni yake. Mpiga chapa akikabidhiwa faili lenye kosa la jedwali la kuzidisha, atalitoa kosa hilo likiwa limeng'aa vizuri kwenye nakala zote, na hana lawama. Serikali yenyewe ililijua hilo zamani. Ukurasa wa mwisho wa Gazeti la Serikali humtaja Mpigachapa Mkuu wa Serikali, wala hakuna anayedhani kwamba yeye ndiye aliyetunga sheria zilizomo. Mtaani mambo ni mengine. Kwenye duka la steshenari utasikia "nichapishie hii barua", na kijana ataprinti karatasi moja bila kujua kwamba kwa sekunde hiyo amepandishwa cheo akawa nyumba ya uchapishaji.

Mtaani kosa hilo linasameheka. Kwenye tangazo la zabuni linaweza kuzaa kesi, kwa sababu "tenda ya vitabu" Dar es Salaam na "tenda ya vitabu" Nairobi ni biashara mbili tofauti.

Tanzania imezunguka. Baada ya Uhuru vitabu vya shule vilikuwa kazi ya dola: taasisi ya serikali inaandika, shirika la umma linachapisha, mitambo ya umma na ya misheni inapiga chapa. Miaka ya 1990 mlango ukafunguliwa kwa wachapishaji binafsi, kwa msaada wa Wasweden, na ikaundwa kamati ya kutoa ithibati, ile iliyojulikana kwa kifupisho chake, EMAC. Mchapishaji aliandaa kitabu kwa gharama zake, akakipeleka kamati, kikipita akaenda kukiuza. Mwaka 2013, baada ya kelele bungeni kuhusu ubora wa vitabu, kamati ikavunjwa na kalamu ikarudi Taasisi ya Elimu Tanzania. Tangu hapo kitabu cha kiada ni cha Taasisi. Inakiandika, inakihariri, inakimiliki. Kinachotoka kwenda sokoni ni kazi ya mashine tu, kupiga chapa na pengine kusambaza. Wachapishaji binafsi wamebakiziwa vitabu vya ziada. Kiada na ziada: tofauti ya herufi moja, na ndani ya herufi hiyo kuna kampuni zilizofunga milango. Kiada, kwa Kiswahili cha zamani, ni kufanya jambo kwa mpangilio, taratibu, bila kurukaruka. Msemaji wa kiada ni yule unayemsikia kila neno. Ni jina zuri kwa kitabu cha darasani. Ziada haihitaji maelezo, kila mtu anajua ziada hupata nini chakula kikiwa kidogo.

Kenya ilikwenda njia nyingine. Kwa miaka mingi wizara ilitoa orodha ya vitabu vilivyoidhinishwa, vichache kwa kila somo, shule zikapewa fedha, mwalimu akachagua na kununua kwenye duka la vitabu la mjini kwake. Mnunuzi alikuwa shule. Mwaka 2018 serikali ikabadili utaratibu: wachapishaji wanashindana kwa miswada mbele ya Taasisi ya Ukuzaji Mitaala, washindi wanapiga chapa na kufikisha vitabu mpaka shuleni, na Nairobi ndiyo inayolipa. Lengo lililotangazwa ni kila mwanafunzi kitabu chake. Wenye maduka ya vitabu walilia, na kilio chao kilikuwa na msingi, maana neno mnunuzi liliondolewa mikononi mwa mteja wao mkubwa kwa waraka mmoja. Kwa hiyo mzabuni wa Nairobi ni mchapishaji anayeshindania akili iliyomo kitabuni, na mzabuni wa Dar es Salaam ni mpiga chapa anayeshindania karatasi. Mwandishi wa habari akiandika "kampuni za uchapishaji zagombea tenda ya vitabu" bila kusema ni zipi, hajatuambia kitu.

Ugomvi wa wapiga chapa una lugha yake, na mimi naipenda kuliko ya wanasheria. Ni lugha ya mikono. Karatasi ni ya gramu 60 au 70 au 80 kwa mita moja ya mraba? Kitabu kimefungwaje: kwa pini mbili katikati, kwa gundi mgongoni, au kimeshonwa kwa uzi? Shika kitabu kilichotiwa gundi tu, kikunje kinyume mpaka magamba yake yagusane, kisha ukiachie. Gundi mbaya hupasuka kwa mlio mdogo, na ukurasa wa 47 unabaki mkononi. Mjumbe wa kamati ya tathmini anaweza kufanya jaribio hilo kwa nusu dakika. Mtoto wa darasa la pili atalifanya kila siku kwa mwaka mzima, na baada yake mdogo wake. Sampuli iliyokuja na zabuni huwa imara. Swali la baadaye, linalofika mbele ya majaji, ni kama mzigo ulioshushwa kutoka kwenye lori unafanana na ile sampuli, na sampuli yenyewe imehifadhiwa kwa nani.

Sadfa moja ya kupendeza: Kiswahili cha Tanzania kinatumia neno hilo hilo kwa gamba la kitabu na kwa kifurushi cha nyaraka za kesi. Jalada. Karani wa mahakama akisema "jalada halionekani", mpiga chapa angedhani kuna kitabu kimevuliwa nguo.

Mshindi akipatikana, taasisi nunuzi hutoa notisi ya kusudio la kutoa tuzo. Tuzo! Neno hili sijalizoea. Kutuza ni kumpa anayeimba au anayecheza. Mama anainuka ukumbini kwenye taarabu, anambandika mwimbaji noti kwenye paji la uso, naye hadaiwi chochote zaidi ya wimbo alioimba tayari. Mzabuni aliyepewa tuzo ndiyo kwanza anaanza kudaiwa. Tafsiri hii imeufanya mkataba uonekane kama zawadi, na nahisi, bila kuweza kuthibitisha, kwamba baadhi ya watu ofisini wanaamini hivyo hasa: kwamba kazi ya umma hutuzwa, na aliyetuzwa anapaswa kukumbuka aliyemtuza. "Uteuzi wa mkandarasi" lingekuwa butu zaidi, na salama zaidi.

Aliyekosa tuzo ana njia ya kulalamika, na hapa msamiati wetu umefanya kazi nzuri. Malalamiko Tanzania huanzia kwa afisa masuuli. Wengi wanalitamka neno hilo kama jina la cheo tu, lakini masuuli ni ndugu wa swali na suala. Kwa Kiarabu ni yule anayeulizwa. Sijaona lugha nyingine iliyompa mtia saini wa hundi za serikali jina la haki kiasi hicho. Mlalamikaji asiporidhika anakata rufani kwenye mamlaka ya rufani za zabuni, na asiporidhika tena anakwenda Mahakama Kuu, ila huko jina linabadilika. Haendi kwa rufani, anaomba mapitio. Tofauti si ya mapambo. Kwenye rufani unaweza kusema "nilistahili kushinda mimi". Kwenye mapitio jaji hapimi gramu za karatasi wala hakunji mgongo wa kitabu. Anauliza kama aliyeamua alikuwa na mamlaka, kama alisikiliza pande zote, kama alifuata sheria. Mzabuni mwenye kitabu bora aliyeshindwa kihalali ataondoka mikono mitupu. Mwenye kitabu kibovu aliyenyimwa nafasi ya kusikilizwa anaweza kurudishwa ulingoni. Wasomaji wa magazeti huudhika na matokeo ya namna hiyo na kudhani jaji amehongwa, kumbe amejibu swali aliloulizwa.

Kenya wamelifunga jambo hili kwa kalenda. Kwa sheria ya 2015, mwenye lalamiko ana siku 14 kufika kwenye bodi ya kupitia malalamiko ya zabuni. Bodi ina siku 21 kuamua. Asiyeridhika ana siku 14 kwenda Mahakama Kuu, nayo ina siku 45. Mahakama ya Rufaa ina 45 zake. Lalamiko likiwa mbele ya Bodi, mkataba hautiwi saini. Jumlisha mwenyewe, kisha kumbuka kwamba mashine ya kupiga chapa nayo inahitaji wiki zake na lori linahitaji barabara isiyo na matope mpaka Turkana. Shauri lililofunguliwa Septemba kwa vitabu vya Januari linaweza kuwa na mshindi mahakamani na lisiwe na mshindi darasani. Watunga sheria waliziweka siku hizo wakijua hivyo, na bado kuna mawakili wanaoita ukomo huo ukatili kwa wateja wao.

Kesi mbili zinazojulikana zaidi kuhusu vitabu vya shule za Afrika Mashariki hazikuwahi kuingia katika mahakama zetu. Ziliisha London. Julai 2011 Macmillan, nyumba kubwa ya vitabu ya Uingereza, iliamriwa na Mahakama Kuu ya huko kulipa zaidi ya pauni milioni 11, kutokana na zabuni za elimu nchini Rwanda, Uganda na Zambia. Chanzo kilikuwa mradi wa Benki ya Dunia Sudan Kusini, ambako kampuni ilikiri kwamba kuna malipo yasiyo halali yaliyofanywa kutafuta kazi ya vitabu. Mwaka uliofuata, Julai 2012, ikawa zamu ya Oxford University Press. Safari hii ilikuwa nyumbani kabisa: kampuni zake tanzu za Kenya na Tanzania, na zabuni za vitabu vya shule. Kampuni mama ilijipeleka yenyewe kwa wachunguzi, ikalipa karibu pauni milioni 1.9 kwa amri ya mahakama na dola 500,000 kwa Benki ya Dunia, na matawi yake mawili yakafungiwa miaka mitatu.

Kwa mpenda maneno, ni kesi zenye utajiri. Hakukuwa na mshtakiwa kizimbani. Lilikuwa shauri la madai la kurejesha mali: serikali ya Uingereza haikusema "mmetenda kosa, mfungwe", ilisema "fedha hizi hazikupatikana kihalali, zirudisheni". Kiswahili cha mahakama za Tanzania kina neno kamili kwa fedha za namna hiyo: mazalia. Waandishi wa habari za Mahakama ya Kisutu, Dar es Salaam, wanaliandika kila wiki, fedha ambazo ni mazalia ya kosa tangulizi. Mtu wa afya akilisikia anawaza mazalia ya mbu, dimbwi ambamo viluwiluwi vinaogelea, na hakosei sana. Kosa linataga, na faida ndiyo mayai. Waliobuni istilahi hiyo wangeweza kuandika "mapato ya uhalifu" wakaeleweka, lakini mapato yana heshima ya mshahara na kodi. Mazalia hayana.

Kufungiwa nako kuna ladha yake. Kwetu hufungiwa wachezaji waliompiga mwamuzi, hufungiwa nyimbo, hufungiwa magazeti. Mzabuni aliyefungiwa na Benki ya Dunia yuko kwenye mkumbo huo huo, na naona ni sawa. Wataalamu wengine hutumia "kuwekwa kwenye orodha nyeusi", msemo wa kuazima usio na mizizi hapa. Kufungiwa kila mtu anaelewa, hadi muda wa kufunguliwa.

Rushwa yenyewe sitaizungumzia sana. Ina majina mengi kuliko inavyostahili, na karibu yote yamevaa nguo za adabu: chai, kitu kidogo, ya maji, ahsante. Tanzania ilifika mahali ikaitungia sheria ya uchaguzi neno takrima, ukarimu, mpaka Mahakama Kuu ilipoufuta ukarimu huo mwaka 2006 kwa kuwa ulikwenda kinyume na Katiba. Kwenye zabuni jina maarufu ni asilimia kumi. Hilo angalau halijifichi, ni hesabu ya darasa la sita.

Fedha za Oxford zilirejeshwa, na zilirejeshwa Uingereza. Kampuni ilijitolea kutoa pauni milioni mbili zaidi kwa mashirika ya elimu Afrika kusini mwa Sahara, lakini wachunguzi wakakataa kuziingiza kwenye amri ya mahakama, kwa hoja kwamba michango ya hiari si kazi yao. Kisheria nawaelewa. Ila angalia nani ametajwa katika jalada zima: kampuni, kampuni tanzu, benki, wachunguzi, mahakama. Shule iliyopokea vitabu hivyo haikuwa mlalamikaji, haikuwa shahidi, haikuwa hata mhanga kwa jina.

Kesi iliyoleta vitabu nyumbani haikuhusu vitabu. Ni ile ya rada. Kampuni ya silaha ya BAE Systems iliiuzia Tanzania rada kwa takriban pauni milioni 28. Baada ya uchunguzi wa miaka, kampuni ikakiri mahakamani London mwaka 2010 kosa la kutotunza vyema kumbukumbu za hesabu, ikatozwa faini ya pauni 500,000, na ikakubali kulipa pauni milioni 29.5 kwa ajili ya Watanzania. Fedha zilipofika, mwaka 2012, zilielekezwa kwenye vitabu na madawati ya shule za msingi. Nyaraka rasmi ziliziita malipo ya hiari. Watu waliziita chenji ya rada, na jina hilo likapanda mpaka bungeni.

Sijui hukumu iliyoandikwa vizuri kuliko maneno hayo matatu. Chenji hudaiwa na aliyelipa zaidi ya bei. Hairudishwi kwa hisani, na muuzaji akichelewa kuitoa unasimama pale pale kaunta. Kwa kusema chenji, wananchi walitamka kile ambacho mahakama ya London haikutamka: kwamba bei ilizidishwa, na kwamba tofauti ni yao. Kwa mara moja neno la biashara lilirudi upande wake wa zamani, likamtambua mwananchi kuwa ndiye mteja. Sitashangaa mwanafunzi wa isimu akiandika tasnifu nzima juu yake, ingawa nahofu atalitafutia istilahi ndefu.

Afrika Kusini ndiko nilikoona mteja akiingia mahakamani kwa miguu yake. Mwaka 2012, jimboni Limpopo, mkataba wa kununua na kusambaza vitabu na kampuni moja ulivunjwa, na muhula ukaendelea madarasa yakiwa hayana vitabu vya mtaala mpya. Safari hiyo aliyekwenda kwa jaji hakuwa mzabuni aliyenyimwa tuzo. Lilikuwa shirika la kutetea haki pamoja na shule mojawapo iliyokosa vitabu, na hoja yao haikuwa ya gramu wala ya sampuli. Mei mwaka huo Mahakama Kuu ya Pretoria ikasema kukosa vitabu ni kuvunjiwa haki ya elimu, ikaweka tarehe ya kuvifikisha. Tarehe ikapita, mashauri yakaendelea, na Desemba 2015 Mahakama ya Juu ya Rufani ikamaliza ubishi. Wizara ilikuwa imejitetea kwa asilimia: vitabu vingi sana vimefika, hakuna mfumo usio na kasoro. Majaji walikataa wastani huo. Haki ni ya kila mwanafunzi, kwa kila kitabu anachostahili, kabla somo halijaanza.

Kila. Mwanasheria wa serikali angependa neno "wengi", mtakwimu angependa "wastani", na mtangazaji wa wizara angependa "asilimia". Sheria zetu za ununuzi zina tafsiri ya mzabuni, ya taasisi nunuzi, ya bidhaa na ya afisa masuuli, kila moja katika kifungu chake cha mwanzo. Mtumiaji wa mwisho hatajwi pale, na bila kutajwa hana mlango: mzabuni aliyekosa kazi kwa pointi mbili ana siku zake za kulalamika, lakini mwalimu mkuu aliyepokea katoni za vitabu vinavyoachia kurasa wiki ya pili hana fomu ya kujaza. Anaweza kuandika barua kwa afisa elimu wa wilaya, afisa elimu akaipeleka juu, na huko juu ikamkuta mtu ambaye kisheria ameshaukagua mzigo, ameupokea na ameusainia.